Ifuate Nguvu: Jinsi ya Kupiga Filamu ya Kichwa cha Treni

Filamu nyingi za treni huishia nje ya treni. Kichwa kinatokea mbali, kinapiga honi, kinapita mbele ya kamera na mabehewa yake, muziki unapanda, halafu tunahamia darajani, mlimani, machweoni. Picha hizo nazipenda na nimezipiga nyingi. Lakini mtazamaji huzima runinga akiwa bado hajajibiwa swali ambalo hata mtoto huuliza akisimama karibu na reli: dude hili linavutaje mzigo wote ule? Magurudumu yake ni laini, reli nayo ni laini, hakuna meno yanayoshikana popote, na bado kichwa cha tani 120 kinaondoka na treni ya tani 2,000.

Kanuni ninayofanyia kazi ni moja: ifuate nguvu. Kila picha ipokee nguvu kutoka picha iliyotangulia na kuikabidhi kwa inayofuata. Moto unapasha maji, maji yanakuwa mvuke, mvuke unasukuma pistoni, pistoni inasukuma mkono wa chuma, mkono unazungusha gurudumu, gurudumu linaikaba reli, na mwisho wa safari hiyo ndoano ya nyuma inakaza na behewa la kwanza linasogea. Ukiruka hatua moja, mtazamaji anaona treni imeondoka lakini hajui kwa nini. Ukizipanga zote kwa mfuatano wake, msimulizi hana kazi kubwa ya kufanya.

Kamera na treni zimekuwa pamoja karibu tangu sinema ilipozaliwa. Januari 1896 ndugu Auguste na Louis Lumière wa Ufaransa walianza kuwaonyesha watu filamu ya sekunde 50 hivi ya treni ikiingia stesheni ya La Ciotat. Inasimuliwa sana kwamba watazamaji walikurupuka viti vyao wakidhani treni inawajia, ingawa hakuna ushahidi wa wakati ule unaothibitisha. Kinachonivutia mimi ni mahali kamera ilipowekwa. Iko ukingoni mwa jukwaa, kichwa kinakuja kwa mshazari kikizidi kukua, kisha kinatoka kwenye fremu upande wa kushoto, na filamu iliyobaki ni ya abiria wanaoshuka na kupanda. Sinema ikaenda na abiria. Watu wachache sana wamegeuza kamera kufuata kile kilichotoka upande wa kushoto.

Anayetaka kujifunza kazi hii aanze na garimoshi la mvuke, hata kama filamu anayoikusudia ni ya treni za kisasa. Mvuke hauna siri. Karibu kila kiungo kinachofanya kazi kiko nje, mbele ya lenzi. Ndani ya boila moto hupita kwenye mabomba yaliyozungukwa na maji. Kichwa maarufu cha mhandisi Stephenson wa Uingereza, Rocket cha mwaka 1829, kilikuwa na mabomba 25 ya shaba, na mpangilio huo ulidumu katika magarimoshi mpaka mwisho wa enzi yao. Lita moja ya maji ikichemka yote katika hewa ya kawaida hutoa zaidi ya lita 1,600 za mvuke. Ukiufungia mvuke huo usipate pa kwenda, unatafuta pa kusukuma, na mahali pekee palipoachwa wazi kwa ajili yake ni kwenye silinda.

Tazama dakika moja tu, ile ya kuondoka, kwa jicho la mtu wa kamera. Garimoshi limesimama na silinda zimepoa. Dereva anafungua vali ndogo zilizo chini ya silinda kabla ya kufanya lolote. Sababu ni kwamba mvuke wa kwanza ukigusa chuma baridi hugeuka maji, na maji hayabanwi. Pistoni ikikutana nayo kwa nguvu, kifuniko cha silinda kinaweza kupasuka. Kwa hiyo yanatoka kwanza matone, kisha maji yanayoruka, kisha mawingu meupe pande zote mbili chini ya kichwa. Mawingu hayo yamo kwenye kila filamu ya treni kama pambo. Mimi naiweka kamera chini, karibu kadiri ninavyoruhusiwa, ninapiga tangu tone la kwanza, halafu nakata kwenda kwenye mkono wa dereva uliofungua vali zile. Picha mbili tu, na pambo limekuwa jambo lenye sababu.

Baada ya hapo dereva anavuta mkono mrefu unaofungua njia ya mvuke. Kwa muda mfupi hakuna kinachotokea. Ukimya huo usiukate kwenye uhariri, maana ndio muda ambao mvuke unajaza mabomba na kujikusanya nyuma ya pistoni. Halafu mkono mkuu unasogea polepole, gurudumu linaanza kugeuka, na kutoka kwenye dohani linasikika pigo la kwanza.

Pigo hilo lina kazi, na hapa ndipo mahali ninapopapenda kuliko pote katika mashine nzima. Mvuke uliokwisha kusukuma pistoni hautupwi hovyo. Unaelekezwa juu kupitia bomba lililo chini ya dohani, unatoka kwa kasi, na unapotoka unafyonza hewa ya chumba cha moshi. Chumba hicho kikifyonzwa kinavuta moshi kupitia mabomba ya boila, na mabomba yanavuta hewa mpya kupita katikati ya makaa. Garimoshi likivuta kwa nguvu zaidi, mapigo yanakuwa makali zaidi, na moto unapulizwa zaidi. Mashine inajichochea yenyewe kadiri inavyofanya kazi. Ukipata ruhusa ya kukaa na kamera kwenye kibanda cha dereva, subiri mlango wa tanuri ufunguliwe wakati treni inapanda mlima, uelekeze lenzi kwenye moto, na usikilize. Kila pigo la dohani linaandamana na mwanga wa moto kupanda. Hapo msimulizi anyamaze kabisa. Mtazamaji atauona uhusiano kwa macho yake na hatausahau.

Kutoka pigo hilo nimepata kipimo changu cha uaminifu wa filamu za mvuke. Garimoshi la kawaida lina silinda mbili, na mvuke husukuma pistoni kwa pande zote mbili, kwenda na kurudi. Kwa hiyo gurudumu likizunguka mara moja, dohani hupiga mara nne. Pini zinazoushika mkono wa chuma kwenye magurudumu ya kulia na kushoto zimepishana kwa robo ya mzunguko, makusudi, ili upande mmoja ukifika mwisho wa mwendo wake ambapo hauwezi kusukuma, upande wa pili uwe kwenye nguvu zake. Ndiyo maana mapigo yanne huachana sawasawa. Garimoshi la silinda tatu, ambalo pini zake zimegawanya duara katika theluthi, hupiga mara sita. Basi mhariri anapobandika sauti ya maktaba juu ya picha yoyote ya gurudumu, hesabu inamsuta. Gurudumu linazunguka mara moja na masikio yanasikia mapigo saba. Watazamaji wengi hawatahesabu, lakini mwili wao unajua kwamba kinachosikika hakitoki kwenye kinachoonekana. Mimi sauti ya mapigo naichukua pale pale na picha, au siiweki.

Kuna magarimoshi ambayo sauti yake peke yake inaweza kubeba sura nzima ya filamu. Yale makubwa ya aina ya Garratt, daraja la 59, yaliyotengenezewa Reli ya Afrika Mashariki na kiwanda cha Beyer, Peacock cha Manchester mwaka 1955 na 1956, yalikuwa 34, kila moja likiwa na zaidi ya tani 250 na likitembea kwenye reli ya upana wa mita moja tu. Yalipewa majina ya milima. Garratt ni boila moja iliyoning'inizwa katikati ya seti mbili za magurudumu, moja mbele na moja nyuma, kila seti na silinda zake mbili. Seti hizo hazikuunganishwa kwa mkono wowote wa chuma, lakini zote mbili hutoa mvuke kwenye dohani moja. Matokeo yake mapigo ya mbele na ya nyuma huanza pamoja, yakaachana kidogo kidogo mpaka yanasikika maradufu, kisha yakakutana tena, kwa sababu hakuna magurudumu mawili yenye kipenyo sawa kabisa na kila seti huteleza kwa kiasi chake. Mount Gelai, namba 5918, limehifadhiwa kwenye Makumbusho ya Reli ya Nairobi. Kulipiga picha likiwa limesimama kuna faida yake: unaweza kuufuata mkono mmoja wa chuma kwa kamera tangu pistoni hadi gurudumu la mwisho bila haraka, jambo usiloweza kulifanya treni ikipita mbele yako.

Kwa upande wa pili wa kipimo yupo Mallard, kichwa cha Uingereza kilichofikia kilomita 203 kwa saa tarehe 3 Julai 1938, rekodi ambayo garimoshi lolote la mvuke halijaivunja rasmi. Magurudumu yake makubwa yana kipenyo cha mita 2 na kidogo. Piga hesabu: kwa kasi ile yalikuwa yakizunguka karibu mara 9 kwa sekunde. Silinda ni tatu, kwa hiyo mapigo ni zaidi ya 50 kwa sekunde, na sikio haliwezi tena kuyatenganisha; yanakuwa mvumo mmoja. Mtu akitengeneza filamu kuhusu siku hiyo na kuweka mapigo ya polepole kwa sababu ndiyo "sauti ya treni", ameipunguzia mashine ile kasi kwa mkono wake mwenyewe.

Magurudumu yana mtego mwingine, huu wa macho. Kamera haioni mwendo, inaona picha 25 kwa sekunde. Chukua gurudumu la spoki 12 lenye kipenyo cha mita 1.2. Treni ikifika kilomita 28 kwa saa hivi, kila fremu inalikuta gurudumu limesogea spoki moja kamili, na kwenye skrini spoki zinaonekana zimesimama. Kasi ikipungua kidogo tu, zinarudi kinyumenyume. Lakini mkono wa chuma uko mmoja kwa kila upande, hauna wenzake wa kuchukua nafasi yake, kwa hiyo wenyewe unaendelea kuzunguka kawaida, mara mbili kwa sekunde, pamoja na ule uzito wa kusawazisha ulio ukingoni mwa gurudumu. Unapata picha ya gurudumu lililosimama na mkono unaozunguka, na mtazamaji anashindwa kuiamini. Dawa ni kuijua kasi hiyo mapema na kuikwepa, au kuacha fremu ipokee mwanga kwa muda mrefu zaidi ili spoki zififie, au kupiga kwa fremu 100 na zaidi na kuonyesha polepole. Kamera za siku hizi zinazosoma picha mstari kwa mstari huongeza lao: treni ikipita karibu na kwa kasi, mabehewa yanalala upande na spoki zinapinda. Sogea mbali na tumia lenzi ndefu, tatizo linapungua.

Mwanga nao una tabia yake. Kichwa cha mvuke ni cheusi, na mitambo ya magurudumu imejificha kivulini chini ya boila. Jua la mchana wa saa sita linakupa boila inayong'aa na giza chini yake, mahali pale pale ambapo nguvu inafanya kazi. Asubuhi na jioni jua linaingia chini kwa ubavu na kila mkono wa chuma unaonekana. Ratiba yangu ya kupiga picha naipanga kwa ajili ya mikono hiyo, si kwa ajili ya rangi ya anga.

Dizeli ni shughuli nyingine kabisa, na hapa ndipo watengenezaji filamu wengi hukata tamaa. Ni sanduku. Kila kitu kiko ndani, na hata ukiingia unakutana na injini inayonguruma ambayo haionyeshi uhusiano wowote na magurudumu. Na kweli, katika vichwa vingi vya dizeli uhusiano wa chuma kwa chuma haupo. Injini inazungusha jenereta, jenereta inatoa umeme, umeme unakwenda kwa waya hadi kwenye mota zilizo chini, kila mota ikizungusha ekseli yake. Injini ya 645 ya kampuni ya Marekani EMD, iliyotoka mwaka 1965 na kusambaa karibu dunia nzima, ina ujazo wa zaidi ya lita 10 katika silinda moja tu, na vichwa vingi vinayo ya silinda 16. Lakini kazi yote ya dude hilo ni kuzalisha umeme.

Sasa utaufuataje umeme kwa kamera? Ufuate kwenye mita. Kwenye kibanda cha dereva kuna kipimo cha mkondo wa umeme na kipimo cha mwendo, mara nyingi jirani. Viweke vyote viwili kwenye fremu moja, na mkono wa dereva ukiwezekana. Anasogeza mkono wa nguvu hadi nochi ya kwanza, yaani ngazi yake ya kwanza. Injini inapandisha sauti, mshale wa umeme unaruka juu, na mshale wa mwendo haujasogea hata kidogo. Nguvu imekwisha kufika kwenye mota na treni bado imesimama. Kisha taratibu mwendo unapanda, na umeme unaanza kushuka, ingawa dereva hajagusa kitu. Sababu yake ni nzuri kuieleza: mota ikizunguka inazalisha umeme wake wenyewe unaopingana na ule unaoingia, kwa hiyo kadiri inavyokwenda kasi ndivyo mkondo unavyobanwa. Mishale miwili ikipishana, mmoja ukipanda mwingine ukishuka, imemaliza maelezo ambayo msimulizi angeyahangaikia kwa dakika tano. Vichwa vingi vina nochi 8, na kila moja ina sauti yake. Rekodi zote nane, moja moja, kichwa kikiwa kwenye kazi na si kwenye majaribio ya karakana, kwa sababu injini isiyovuta haingurumi kama inayovuta.

Na usiiache breki. Watu wanaifikiria kama mwisho wa habari, wakati nguvu ile ile ndiyo inayorudi nyuma. Treni ikiteremka, mota zinageuzwa kuwa jenereta; magurudumu yanazizungusha, zinazalisha umeme, na kuzalisha huko ndiko kunakozuia mwendo. Umeme huo kwenye dizeli unapelekwa kwenye vipingamizi vya chuma juu ya paa na kuwa joto, huku feni kubwa zikiupepea. Panda mahali pa juu, tumia lenzi ndefu, utaiona hewa juu ya paa ikitetemeka. Huo ni uzito wa treni nzima ukiteremka mlima, umegeuka joto. Kwenye vichwa vya umeme unaweza kurudishwa kwenye waya na kutumiwa na treni nyingine. Breki ya hewa nayo ina kisa chake: George Westinghouse wa Marekani alipata hataza yake ya kwanza mwaka 1869, lakini mpango ule wa mwanzo ulihitaji hewa ili kufunga, hivyo bomba likikatika breki zinapotea. Miaka michache baadaye akaugeuza. Hewa ndiyo inayozifungua breki, na ikivuja au behewa likikatika, treni inajifunga yenyewe. Ili kuonyesha hilo unahitaji mshale unaoshuka, mlio wa hewa, na kiatu cha breki kikigusa gurudumu, kwa mfuatano huo huo.

Vichwa vya umeme nitavipitia kwa ufupi, si kwa kuvidharau bali kwa sababu sura zake za picha ni chache. Pantografu, ule mkono ulio juu ya paa, inagusa waya, mara nyingi wenye volti 25,000, transfoma inashusha, mota zinazunguka. Kinachostahili kupigwa ni waya wenyewe ukitazamwa kutoka juu ya kichwa: umetandazwa kwa kwenda kulia na kushoto, ili usisugue sehemu moja tu ya kaboni ya pantografu mpaka ikakatika. Na sauti. Vichwa vya Taurus vya Siemens huko Austria huondoka vikipanda noti moja baada ya nyingine, kama mtu anayepasha moto ala ya muziki, na huo ni mtambo wa kubadili umeme ukibadilisha masafa yake kwa ngazi. Vichwa vipya zaidi vina mitambo ya aina nyingine, haviimbi hivyo.

Nguvu zote hizi, za mvuke, za dizeli, za waya, zinakutana mahali pamoja: gurudumu linapogusa reli. Ni eneo la sentimita mraba moja hivi. Kichwa cha tani 120 chenye magurudumu 12 kinaweka tani 10 juu ya kila kieneo hicho. Reli ikiwa kavu, mshiko ni kama asilimia 30 ya uzito, kwa hiyo kichwa hicho kinaweza kuvuta kwa nguvu ya tani 36 na si zaidi, hata ukikipa injini ya ukubwa gani. Sasa kipe mlima. Njia ikipanda mita 1 kwa kila mita 100, kila tani ya treni inadai kilo 10 za kuvutwa juu ya zile chache inazodai kwenye tambarare. Treni ya tani 2,000 inadai tani 20 kwa ajili ya mlima peke yake. Ongeza mwinuko uwe mita 2 kwa 100, inadai 40, na kichwa kimoja hakiwezi tena. Dereva anamwaga mchanga mbele ya magurudumu kupitia vibomba vyembamba, na vibomba hivyo nimeviona kwenye filamu chache mno, wakati ndivyo vinavyoamua kama treni itafika juu.

Ugumu ni kwamba mwinuko wa mita 1 kwa 100 hauonekani kwenye kamera. Unaonekana tambarare kabisa. Usiinamishe kamera kudanganya. Weka kwenye fremu kitu kilicho sawa bila shaka, kama ukuta wa jengo au uso wa maji, au simama na lenzi ndefu mahali ambapo njia inabadilika kutoka tambarare kwenda mlima, uitazame kwa urefu wake. Reli itaonekana imevunjika kwenda juu. Halafu acha sauti ya injini imalizie.

Jambo la mwisho kuhusu gurudumu ni lile linalowashangaza karibu wote ninaowaeleza. Ukingo ulio upande wa ndani wa gurudumu siyo unaoongoza treni kwenye njia. Huo ni kinga tu. Kinachoongoza ni kwamba uso wa gurudumu umechongwa mteremko kidogo, mpana upande wa ndani. Magurudumu mawili ya ekseli moja yakisogea kulia, la kulia linakanyaga reli kwa sehemu yake nene na la kushoto kwa sehemu nyembamba, la kulia linakwenda mbali zaidi kwa mzunguko ule ule, na ekseli inajirudisha katikati. Kwenye filamu lioneshe kwa vikombe vya karatasi. Gundisha viwili midomo kwa midomo, viviringishe juu ya fito mbili zilizoinama, vitakwenda moja kwa moja. Gundisha vingine matako kwa matako, vitaanguka mara moja. Watu wanaporudia jaribio hilo nyumbani, najua filamu imefanya kazi yake.

Kuhusu kuigiza na kujenga upya: sina shida nako kukiheshimu sababu. Filamu ya Uingereza ya 1936 kuhusu treni ya barua za usiku, *Night Mail*, ilipigwa sehemu yake ya ndani ya behewa la kuchambulia barua kwenye studio, na wafanyakazi wa posta wakaombwa wayumbe kana kwamba treni inakwenda. Kuyumba huko kulikuwa kweli kwa kazi yao ya kila usiku. Kwenye makumbusho ya reli ya York kipo kichwa cha mvuke, Ellerman Lines, kilichokatwa ubavu ili ndani yake ionekane. Picha za aina hiyo zitumie bila woga. Uchoraji wa kompyuta pia, ila uanzie kwenye picha halisi ya kiungo husika na urudi kwenye picha halisi, la sivyo mtazamaji anabaki na mashine mbili zisizofahamiana.

Usalama nausema kwa sauti ya ukali. Usikanyage njia bila idhini ya shirika la reli na mtu wake kando yako. Treni ya mizigo iliyopakia huhitaji zaidi ya kilomita moja kusimama, na kichwa cha umeme kinachokujia uso kwa uso husikika kikiwa kimeshafika. Umeme wa volti 25,000 hauhitaji kuguswa, unaruka. Fito ya maikrofoni, stendi ndefu na droni ni vitu vya kuacha mbali na waya. Hakuna picha ya katikati ya reli inayostahili.

Madereva na mafundi ndio wanaoijua nguvu kwa mwili, na mahojiano nao mara nyingi huharibiwa na maswali ya hisia. Wanaulizwa wanaipendaje kazi yao. Mimi huuliza unasikia nini gurudumu linapoanza kuteleza, na unalisikia wapi, masikioni au kwenye kiti. Dereva mmoja wa zamani wa mvuke, mzee aliyestaafu, nilimwomba anieleze alivyokuwa akipanda mlima na treni nzito. Alianza kwa maneno, kisha mikono ikachukua nafasi: wa kushoto ukafungua mvuke hewani, wa kulia ukazungusha usukani mdogo usiokuwepo kupunguza muda wa mvuke kuingia kwenye silinda, kichwa kikainama kusikiliza dohani. Niliishusha kamera kutoka usoni kwake hadi mikononi nikaiacha hapo. Fundi wa magurudumu naye usimkalishe kitini. Mwache atembee kando ya mabehewa na nyundo yake akigonga gurudumu moja moja; zima linalia na mlio unadumu, lenye ufa linajibu kwa sauti iliyokufa. Na dereva akiwa njiani usimsemeshe kabisa. Maswali yasubiri treni isimame.

Tukimaliza kupiga, kazi inayobaki ni ya kumbukumbu, na hiyo naisisitiza kuliko kamera gani ununue. Kila mwaka aina fulani ya kichwa inaondolewa kazini, na ikiondoka hakuna studio itakayotengeneza sauti yake chini ya mzigo halisi. Rekodi za sauti zitunze nzima, bila kukatwa, pamoja na zile dakika ambazo hazikuingia kwenye filamu. Mimi huandika namba ya kichwa, kipenyo cha gurudumu, uzito wa treni, mwinuko wa njia na nochi aliyokuwa ameiweka dereva, yote kwenye jina la faili lenyewe, ili mtu atakayeifungua baada ya mimi aweze kuhesabu mapigo na kujua yalikuwa yanavuta nini.